Miezi miwili ya Oerth: uchambuzi wa kalenda isiyobakisha hata siku moja

Mwaka 1980 kampuni ya TSR ya Marekani ilichapisha maelezo na ramani za ulimwengu wa kubuni uitwao Greyhawk, kazi ya Gary Gygax, mmoja wa wabunifu wawili wa mchezo wa mezani wa kuigiza wahusika uitwao Dungeons & Dragons, na mwaka 1983 maelezo hayo yakatolewa upya, yakiwa yamepanuliwa, ndani ya sanduku. Sayari ya ulimwengu huo inaitwa Oerth, na angani mwake kuna miezi miwili: mkubwa unaitwa Luna na mdogo unaitwa Celene. Kalenda yake ni kielelezo kizuri cha swali ambalo kila anayetunga kalenda ya mwezi hukumbana nalo mapema au baadaye: je, kalenda ilifuate anga, au anga lifuate kalenda? Gygax alichagua la pili, tena bila kuacha mwanya. Ninachotaka kuonyesha ni kwamba uchaguzi huo ulikuwa sahihi kwa mchezo wenyewe lakini uliinyima Oerth jambo ambalo miezi miwili ingeweza kuipa bila gharama yoyote, na kwamba namba moja tu ikibadilishwa, jambo hilo linarudi.

Mpangilio ni rahisi. Mwaka wa Oerth una siku 364. Miezi ya kalenda ni 12, na kila mmoja una siku 28 kamili, yaani majuma manne bila kuzidi wala kupungua, jumla siku 336. Siku 28 zinazobaki zimegawanywa katika majuma manne ya sikukuu ambayo hayamo ndani ya mwezi wowote: Needfest katikati ya majira ya baridi, Growfest wakati wa machipuko, Richfest katikati ya kiangazi na Brewfest wakati wa mapukutiko. Kila miezi mitatu hufuatwa na juma la sikukuu, kwa hiyo robo ya mwaka ina siku 91. Juma lina siku saba. Huanza na Starday na kuishia na Freeday, ambayo ni siku ya mapumziko, na katikati yake ipo Godsday, siku ya ibada. Kwa kuwa siku 364 ni majuma 52 barabara, kila tarehe huangukia siku ileile ya juma mwaka nenda mwaka rudi, na hakuna mwezi usioanza kwa Starday.

Sasa tuangalie juu. Luna hukamilisha mzunguko wa sura zake, kutoka kupevuka hadi kupevuka tena, kwa siku 28. Celene hufanya hivyo kwa siku 91. Anayekumbuka hesabu za shule ya msingi atatafuta kigawe kidogo cha shirika cha namba hizo mbili na kupata 364, yaani urefu wa mwaka wenyewe. Luna hupevuka mara 13 kwa mwaka na Celene mara 4, na siku ya mwisho ya mwaka inapokwisha, jua na miezi yote miwili viko palepale vilipokuwa mwaka ulipoanza. Hakuna siku inayobaki, hakuna saa inayobaki, na hakuna mwaka mrefu, kwa sababu hakuna deni la kulipwa.

Ndani ya usahihi huo kuna pambo moja ambalo wengi hulipita bila kuliona. Siku 91 ni mara tatu ya 28 ukijumlisha 7. Maana yake ni kwamba kutoka sikukuu moja hadi nyingine Celene hurudi kwenye sura ileile, wakati Luna imekwenda mizunguko mitatu na robo. Tuanze hesabu usiku wa nne wa Richfest, miezi yote miwili ikiwa imepevuka. Itakapofika Brewfest, Celene itakuwa imepevuka tena lakini Luna itakuwa nusu, ikielekea kufifia. Itakapofika Needfest, Celene imepevuka na Luna haionekani kabisa. Itakapofika Growfest, Celene imepevuka na Luna ni nusu inayokua. Na Richfest inayofuata huikuta miezi yote miwili mipevu. Sikukuu nne, Celene moja, na Luna katika robo zake nne kwa zamu. Anayetunga liturujia ya ulimwengu wa kubuni hawezi kuomba kiunzi bora kuliko hiki, na sidhani kwamba kilitokea kwa bahati.

Ili kupima thamani ya usahihi huu, lazima tukumbuke anga letu lilivyo. Mwezi wetu hurudia sura zake kwa wastani wa siku 29.53, na mwaka wa majira una siku 365.24. Miezi 12 ya namna hiyo hufanya siku 354.37, yaani pungufu ya mwaka wa jua kwa karibu siku 11. Hakuna namba nzima inayogawanya hizi mbili vizuri, na historia ya kalenda kwa sehemu kubwa ni historia ya watu kushughulika na siku hizo 11. Wengine waliamua kuufuata mwezi na kuyaacha majira yateleze, kama ilivyo katika kalenda ya Kiislamu, ambayo Ramadhani yake huuzunguka mwaka mzima wa jua kwa takriban miaka 33. Wengine waliongeza mwezi wa 13 kila upungufu ulipokuwa mkubwa. Wayahudi hufanya hivyo mara saba katika kila miaka 19, kwa kuwa miaka 19 ya jua inakaribiana mno na miezi 235 ya angani. Wengine, kama Warumi, walibaki na jina la mwezi na kuuacha mwezi wenyewe uende zake. Njia hizi tatu zinatosha kueleza karibu kalenda zote za dunia. Greyhawk inashika njia ya nne, ambayo hakuna taifa lililowahi kuwa na uwezo wa kuishika: inarekebisha anga.

Ni haki kusema kwamba namba 364 si geni. Kitabu cha Henoko, ambacho Kanisa la Orthodox la Ethiopia linakihesabu kuwa sehemu ya Maandiko, kinaeleza mwaka wa siku 364, na hati za Qumran zilizoanza kugunduliwa karibu na Bahari ya Chumvi miaka ya 1940 zinaonyesha jumuiya iliyoupenda mwaka huo kwa sababu ileile tunayoiona Greyhawk. Miezi yao ilikuwa na siku 30, na siku moja iliongezwa mwisho wa kila robo, hivyo robo yao nayo ilikuwa na siku 91, majuma 13 kamili, na kila sikukuu iliangukia siku yake ya juma bila kuhama wala kugongana na Sabato. Tatizo lao ni kwamba anga halikuwasikiliza. Mwaka wa siku 364 hupungukiwa na siku moja na robo hivi kila mwaka, na usiporekebishwa, baada ya miaka 30 sikukuu ya mavuno huwa imetangulia majira yake kwa zaidi ya mwezi mzima. Wapenzi wa mpangilio huu hawakuisha hapo: kampuni ya Kodak ilitumia kalenda ya miezi 13 ya siku 28 katika shughuli zake tangu 1928 hadi 1989. Nia ni moja, nayo ni kuifanya kesho ijulikane.

Kwa mchezo, nia hiyo ni ya maana sana. Msimamizi wa mchezo, ambaye ndiye msimulizi wa hadithi, hukaa mezani na wachezaji wanne au watano, na mtu wa tano akauliza ghafla: usiku huu kuna mbalamwezi? Swali hilo si la mapambo. Wapo wahusika wanaogeuka mbwamwitu mwezi unapopevuka, wapo wezi wanaotaka giza ili wapande ukuta, na wapo wachawi ambao kafara yao ina tarehe. Katika anga lenye mwezi wa siku 29.53, msimamizi huyo angehitaji jedwali la kila mwaka au mashine ya kuhesabia. Katika Greyhawk anahitaji ukurasa mmoja, ambao ukishachorwa mara moja hautachorwa tena milele. Tukianza na Luna iliyopevuka siku ya nne ya Richfest, basi katika miezi mitatu inayofuata, Reaping, Goodmonth na Harvester, Luna itapevuka tarehe 25. Baada ya Brewfest, katika Patchwall, Ready'reat na Sunsebb, itapevuka tarehe 18. Baada ya Needfest ni tarehe 11. Na baada ya Growfest ni tarehe 4. Mtu anaweza kuyahifadhi hayo kichwani kwa dakika tano. Mwaka 1983, simu za mkononi zikiwa bado hazijafika kwa watu, huo haukuwa uvivu wa mtunzi. Ulikuwa uungwana wake kwa msomaji.

Lakini wahusika nao wanaishi chini ya anga hilo, na hapa ndipo kalenda hii inapoanza kunikera. Tuulize ni nani atakosa kazi Oerth. Hakuna haja ya mtu wa kupanda mnarani jioni kuutazama mwezi, kwa kuwa kila mtoto anajua utaonekana lini. Hakuna haja ya mnajimu wa kifalme wa kupiga hesabu ya mwezi wa ziada, wala ya mfalme mwenye mamlaka ya kuutangaza, wala ya kuhani wa jimbo jirani wa kumpinga. Hakuna miji miwili inayokula sikukuu kwa siku tofauti. Hakuna mkopeshaji anayemwombea mdaiwa wake mwezi uandame mapema, wala mdaiwa anayeomba uchelewe.

Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki anajua mambo haya yana uzito gani. Hapa mwezi wa kuandama hutafutwa jioni ya siku ya 29, na usipoonekana siku hukamilishwa kuwa 30. Na kila mwaka, Ramadhani inapokaribia kuingia au kutoka, hurudi suala la kama mwandamo wa nchi nyingine unatosha au lazima hilali ionekane hapahapa, hadi ipo miaka ambayo watu wa mtaa mmoja huswali Idi kwa siku mbili. Pamoja na miezi hiyo, ambayo baada ya Ramadhani huhesabiwa mfungo mosi, mfungo pili na kuendelea, mabaharia na wakulima wa pwani walikuwa na hesabu nyingine kabisa, ya mwaka wa siku 365 ulioanzia Nairuzi na kugawanywa katika miongo ya siku kumikumi, kwa sababu pepo za kaskazi na kusi hazifuati mwezi mwandamo. Mtu mmoja aliishi ndani ya kalenda mbili, moja ya ibada na moja ya jahazi na shamba, na hakuona kwamba kuna kasoro inayohitaji kutibiwa. Utamaduni mwingi umetokea katika pengo lililo kati ya hesabu hizo mbili. Oerth haina pengo.

Ushahidi wenye nguvu zaidi umo ndani ya Greyhawk yenyewe. Ulimwengu huo umejaa makabila yenye historia ndefu, na Gygax aliyapa hesabu tofauti za miaka: Wasuloise wana mwanzo wao wa kuhesabu, Waoeridia wana wao, Waflan wana wao, elfu (viumbe wa kubuni wanaofanana na binadamu, kwa Kiingereza elves) wana wao, na Wabaklunish, ambao wamechorwa kwa rangi za Mashariki ya Kati, huhesabu miaka yao tangu tukio linaloitwa Baklunish Hegira. Vilevile elfu na wahamaji wana majina yao ya miezi. Hata hivyo miezi ni ileile 12, ya siku zilezile 28, ikianza siku ileile kwa watu wote. Yaani taifa limepewa hijra, na pamoja na hijra hiyo halikupewa hata jioni moja ya kungoja hilali. Tofauti zote zimewekwa kwenye majina na mianzo, na hakuna hata moja iliyowekwa kwenye hesabu. Ukitafakari, isingewezekana vinginevyo: katika anga ambamo kila kitu hugawanyika sawasawa, watu wenye akili watafikia jibu moja, na hakuna nafasi ya madhehebu.

Jambo hilohilo linaonekana baharini. Maelezo ya Greyhawk yanasema kwamba jua ndilo linaloizunguka Oerth, kwa hiyo kulazimisha kanuni za Kepler za mwendo wa sayari huko ni kama kumtoza mgeni kodi ya nchi asiyoishi; lakini tukizikubali kwa ajili ya makadirio, tunapata picha inayoeleweka. Mwezi wenye sura za siku 28 katika mwaka wa siku 364 huzunguka kwa kulinganisha na nyota kwa siku 26, na ule wa siku 91 kwa siku 72.8. Uwiano wa vipindi hivyo unaiweka Celene mbali karibu mara mbili ya Luna, na kwa kuwa nguvu ya kuvuta maji hupungua kwa mchemraba wa umbali, hata kama Celene ingekuwa na uzito sawa na Luna isingeyavuta maji kwa zaidi ya takriban moja ya nane ya nguvu ya mwenzake. Basi bamvua la Oerth ni la Luna, na Celene huongeza kidogo tu. Richfest, miezi yote miwili ikiwa upande mmoja, ni bamvua kuu. Needfest, Luna ikiwa imejificha na Celene imepevuka, nayo ni bamvua. Growfest na Brewfest, Luna ikiwa nusu, ni maji mafu. Nahodha wa Oerth angejua leo ni siku gani maji yatavuka mwamba wa mlango wa bandari miaka 200 ijayo, na maharamia angejua pia. Ratiba ya maji ingechongwa kwenye jiwe la gati na kuachwa hapo. Inavutia kwa mara ya kwanza. Kwa mara ya pili msomaji anaanza kujiuliza kwa nini kuna ajali yoyote ya meli.

Wapo wanaopendekeza kutatua haya kwa kulivunja anga lote: mwaka wa siku 365 na robo, Luna yenye desimali, Celene yenye desimali. Sikubaliani nao. Msimamizi wa mchezo atajikuta anahesabu badala ya kusimulia, na robo nne za Celene, ambazo ndizo uzuri wa mfumo, zitapotea. Ninaona inatosha kuacha mwaka kama ulivyo, kuacha majuma na sikukuu kama zilivyo, kuacha Celene na siku zake 91, na kuipa Luna siku 29 badala ya 28.

Matokeo ya siku hiyo moja ni makubwa kuliko inavyodhaniwa. Namba 29 haigawanyiki na chochote kilicho ndani ya 364, kwa hiyo Luna na mwaka vitakutana upya baada ya miaka 29 kamili. Usiku ambao miezi yote miwili inapevuka pamoja katikati ya Richfest, ambao katika mfumo wa asili ni jambo la kila mwaka, unakuwa jambo la mara moja katika kizazi. Mtu wa kawaida atauona mara mbili, na mwenye umri mrefu mara tatu. Miezi ya kalenda ya siku 28 inabaki kuwa miezi ya serikali na ya mikataba, ilhali waumini wa Luna wanalazimika kuwa na miezi yao, inayoteleza ndani ya mwaka. Kalenda mbili zimepatikana bila kuongeza desimali hata moja.

Kuna zawadi nyingine ndani ya namba hizo. Kila mwaka unaopita, usiku wa nne wa Richfest hukuta umri wa Luna umesogea siku 16. Ukifuatilia hesabu utaona kwamba mwaka wa 9 baada ya mkutano kamili, Luna inakosa kupevuka siku hiyo kwa siku moja, ikipevuka kesho yake. Na mwaka wa 20 inakosa tena kwa siku moja, safari hii ikiwa imepevuka jana yake. Celene, yenye mwendo wa nyuzi nne tu kwa siku, huonekana mpevu kwa macho kwa siku kadhaa mfululizo, na Luna nayo haimpi mtu wa kawaida alama ya wazi ya kutofautisha usiku wa kupevuka na ule wa kabla au baada yake. Hilali inayokonda huwa imeonekana au haijaonekana, lakini duara lililojaa ni la kubishania. Kwa hiyo mara mbili katika kila miaka 29 patakuwa na kuhani atakayeapa kwamba usiku mtukufu umefika, akiwa na macho ya mji mzima kama mashahidi, na patakuwa na mwanahesabu mwenye jedwali atakayesema haujafika na hautafika hadi mwaka fulani. Wote wawili watakuwa na hoja. Ikiwa kuna mkataba, kiapo, kifungo au laana iliyofungamanishwa na usiku huo, kisa kimejitunga.

Gharama yake ni jedwali la mistari 29, mstari mmoja kwa kila mwaka, badala ya ukurasa uliochorwa mara moja. Kwa kuwa kampeni nyingi, yaani hadithi ndefu zinazochezwa kwa vikao vingi, hazivuki miaka mitatu au minne ya ndani ya hadithi, msimamizi atatumia mistari michache tu. Sanduku la 1983 linauanza ulimwengu mwaka 576 wa hesabu ya CY (Common Year, hesabu ya pamoja ya miaka ya ulimwengu huo). Ningeuweka mkutano kamili mwaka 568, ili mwaka wa 9 uwe 577: wachezaji wanapata mwaka mmoja wa kuzoea miji na barabara, kisha Richfest ya pili inawakuta katikati ya mabishano, na jibu sahihi la mwanahesabu liko mbele yao kwa miaka 20, yaani mwaka 597.